Karl Freund aliongoza vizuri zaidi kabla hajaitwa mwongozaji

Wasifu wa Karl Freund huandikwa kama ngazi. Alianza chini akiendesha mashine ya kuonyesha sinema, akapanda hadi kuwa mpiga picha wa filamu kubwa za Berlin katika miaka ya 1920, akaandika, akafika juu kabisa mwaka 1932 alipopewa kiti cha mwongozaji Hollywood, kisha mwaka 1935 akateremka na kurudi kwenye kamera moja kwa moja. Wengi huishia hapo wakiuliza kwa nini aliacha kuongoza. Swali hilo limekaa upande. Filamu takriban 8 alizoongoza Hollywood katika miaka ile, ukiondoa mbili, hazina mengi ya kujadili. Maamuzi yake makubwa, yale yaliyobadilisha namna mwigizaji anavyotembea, mwandishi anavyoandika na mhariri anavyokata, aliyafanya akiwa na cheo cha mpiga picha tu. Ili kuyaona, weka kando majina yanayopita mwanzoni mwa filamu uangalie vifaa.

Alizaliwa tarehe 16 Januari 1890 huko Königinhof, Bohemia, mji ambao leo uko Jamhuri ya Czech na wakati ule ulikuwa ndani ya dola ya Austria-Hungaria. Familia yake, ya Kiyahudi, ilihamia Berlin angali mtoto, na kazi yake yote ya mwanzo ni ya Kijerumani. Alipofika miaka 15 alikuwa tayari kwenye chumba cha mashine ya sinema, na haukupita muda mrefu akashika kamera ya habari. Shule hiyo ya habari si ya kupuuzwa. Anayepiga picha za habari harudiwi: farasi wa mfalme akishapita amepita, na mwanga ni ule uliopo.

Kamera ya wakati ule ilizungushwa kwa mkono. Mzunguko mmoja wa mpini ulipitisha fremu 8, na mizunguko 2 kwa sekunde ikatoa fremu 16, kasi iliyozoeleka katika zama za mwanzo za filamu bubu. Mkono mmoja ukiwa kwenye mpini huo, kugeuza kamera kulidai mkono wa pili uzungushe mpini mwingine kwenye kichwa cha stendi, kwa mdundo tofauti, bila mdundo wa kwanza kuyumba. Ukichelewesha mpini, watu kwenye pazia wanakimbia. Ukiuharakisha, wanaelea. Wanaowalaumu watengenezaji wa filamu za kabla ya 1920 kwamba kamera zao zimesimama kama nguzo wasahau kidogo mambo ya ubunifu, wakumbuke kwamba binadamu ana mikono 2.

Basi hatua ya kwanza ya kuifungua kamera ilikuwa mota na betri. Hapo ndipo Der letzte Mann ya 1924 inapoanzia, na ndipo wachambuzi wengi wanapoanza kummiminia sifa F. W. Murnau peke yake. Murnau aliiongoza, ndiyo. Carl Mayer aliiandika, mtayarishaji Erich Pommer wa studio ya Ufa akailipia na kuwataka wabuni kitu ambacho hakijaonekana. Lakini muswada wa Mayer ulikuwa na mahitaji ambayo hakuna mtu angeweza kuyaandika bila kwanza kumuuliza fundi kama yanawezekana. Filamu nzima, hadithi ya bawabu mzee wa hoteli anayenyang'anywa sare yake na kupelekwa kuhudumu chooni, inakwenda karibu bila kadi za maandishi, zile ambazo filamu bubu huziweka kati ya picha ili mtazamaji asome. Kadi ya maelezo ni moja tu, inayotangulia mwisho wa furaha uliobandikwa. Ukiondoa maneno, kitu kingine lazima kibebe taarifa. Hapa kamera ndiyo ilibebeshwa mzigo huo.

Tazama inavyofunguka. Kamera inashuka ndani ya lifti ya hoteli, mlango unafunguka, inapita ukumbini hadi kwenye mlango wa kuzunguka. Kwa kazi hiyo kamera iliwekwa kwenye baiskeli. Mbona si kitoroli cha reli? Reli ingeonekana sakafuni, kwa kuwa kamera inaelekea mbele na sakafu iko ndani ya fremu. Magurudumu ya mpira yanayopita kwenye sakafu laini hayaachi alama na hayahitaji njia iliyotandikwa. Ubaya wake ni kwamba baiskeli haiendi sawa ikienda polepole sana, kwa hiyo mwendo wa tukio unaamuliwa na mwendo ambao chombo kinaweza kuuhimili. Waigizaji wa pembeni wanaovuka ukumbi wanapaswa kupangwa kufuata kasi hiyo. Hilo ni jambo la mwongozaji, na limeamuliwa na magurudumu.

Tukio la ulevi linatufundisha zaidi. Freund alijifunga kamera kifuani, akafunga betri mgongoni, akapepesuka chumbani kana kwamba yeye ndiye mlevi. Betri mgongoni zilifanya kazi mbili: zililisha mota na zilisawazisha uzito. Kamera ya chuma ikining'inia kifuani peke yake humvuta mbebaji mbele, naye hujikaza kwa kurudisha mabega nyuma, hivyo lenzi hutazama juu na miguu ya watu hukatwa. Ukisawazisha nyuma, mwili unasimama wima na mbebaji anaweza kuchagua lini aegemee na lini asiegemee. Kuyumba kwa picha kunakuwa kwa kukusudia. Kuna kasoro moja ambayo haina dawa: kamera ikiwa kifuani mbebaji haoni kupitia lenzi. Anapiga kwa kukisia, na umbali wa kulenga umeshawekwa kabla hajaanza. Anayefanya hivyo hutumia lenzi pana na kuuminya upenyo wake, tundu la kuingizia mwanga, ili sehemu kubwa ya mbele na nyuma iwe kali, na akiuminya anahitaji taa nyingi. Kwa hiyo hata uhuru wa kamera unalipiwa kwa umeme.

Sisemi kwamba Freund ndiye mwenye filamu ile na Murnau ni mpita njia. Murnau alijua wakati gani wa kutulia, na ukilinganisha na Varieté ya E. A. Dupont ya mwaka uliofuata, ambako Freund aliifikisha kamera hadi kwenye bembea ya wanasarakasi ili watazamaji wa ukumbini wapande na kushuka mbele ya lenzi, utaona tofauti ya waongozaji wawili wakitumia fundi yuleyule. Kwa Murnau mwendo unaeleza aibu ya mzee. Kwa Dupont mwendo mara nyingi unaeleza mwendo tu, ingawa lile la bembea bado linatia kizunguzungu. Hata hivyo, filamu zote mbili zina msamiati mmoja, na aliyekuwa kwenye zote mbili ni Freund.

Metropolis ya Fritz Lang, iliyozinduliwa Berlin tarehe 10 Januari 1927, huwekwa kwenye kila orodha ya kazi zake, na ni haki, ila hapo alikuwa mmoja kati ya kadhaa. Günther Rittau alishughulika sana na picha za hila. Njia ya vioo ilikuwa ya Eugen Schüfftan. Kioo kinawekwa mbele ya kamera kwa pembe ya nyuzi 45, nacho kinaakisi jengo dogo la mfano lililowekwa pembeni. Kisha sehemu ya rangi ya fedha nyuma ya kioo inakwanguliwa, pale panapotakiwa kuonekana watu, na waigizaji wanasimama mbali nyuma ya kioo wakionekana kupitia uwazi huo. Picha inaunganishwa ndani ya kamera yenyewe, hakuna kazi ya maabara baadaye. Huharibika kwa njia tatu. Kioo kikitikisika kidogo tu, jengo linahama na watu wanabaki. Mstari wa kukwangua usipofuata ukingo wa jengo, kunatokea ukungu unaomwonyesha mtazamaji mahali pa kuunganishia. Na kwa kuwa mfano uko karibu na watu wako mbali, lenzi lazima iuminywe sana ili vyote viwe vikali, na hapo tena taa zinaongezwa mpaka waigizaji wanatoka jasho. Njia hii inadai kamera isimame kabisa. Mtu aliyeifungua kamera mwaka 1924 alijikuta mwaka 1926 akiifunga tena mahali pamoja, na hakuona ajabu, kwa sababu kwake kamera kutembea hakukuwa imani ya dini.

Uandishi wake unahitaji kutazamwa kwa tahadhari. Berlin: Die Sinfonie der Großstadt, iliyotoka Septemba 1927, inamtaja miongoni mwa waandishi pamoja na Carl Mayer na mwongozaji Walter Ruttmann. Wakati huo Freund alikuwa mkuu wa utayarishaji katika Fox-Europa, tawi la kampuni ya Marekani lililolazimika kutengeneza filamu za Ujerumani ili kupata nafasi ya kuingiza filamu kutoka nje. Filamu ya kutimiza kanuni ya uingizaji, kwa maneno mengine. Kamera zilishikwa na Reimar Kuntze, Robert Baberske na László Schäffer. Freund hakukaa nyuma ya lenzi kama zamani, na jina lake la mwandishi halimaanishi kwamba aliketi akaandika mazungumzo; mazungumzo hayamo.

Alichoandika ni masharti. Sharti la kwanza: watu wa Berlin wasijue kwamba wanapigwa picha. Kwa hiyo kamera zilifichwa ndani ya gari lenye matundu ubavuni, au kwenye sanduku linalofanana na begi la msafiri. Sharti la pili lilifuata la kwanza: ukijificha huwezi kuwasha taa, na jiji lina alfajiri, lina vichochoro, lina usiku. Utepe wa filamu wa wakati ule haukuwa na wepesi wa kutosha kwa mwanga huo. Suluhisho lilikuwa kuuongezea utepe wepesi kwa dawa kabla ya kupiga. Mbinu za aina hiyo zilijulikana kwa wapiga picha wa siku zile, na kila fundi alijua gharama yake: utepe uliotiwa dawa hauhifadhiki kwa muda mrefu, unatakiwa kutumika haraka na kusafishwa haraka, na ukichelewa unaingia ukungu wa kijivu unaomeza weusi wote. Maana yake huwezi kupiga Jumatatu na kusafisha ukipata nafasi. Ratiba nzima ya filamu inafuata kemia.

Mayer, ambaye wazo la awali lilikuwa lake, alijitenga na filamu ilivyotoka. Alitaka watu, Ruttmann akatoa mdundo wa mashine, magurudumu na miguu. Nadhani Mayer alikuwa sahihi kuhusu filamu ile, kwani baada ya nusu saa ya magurudumu mtazamaji ameshaelewa. Lakini lawama haziendi kwa masharti ya Freund. Ndani ya vipande vilivyopigwa kwa kujificha watu wapo tele, wanagombana, wanakula, wanaona haya. Ni mezani kwa mhariri ndipo walipogeuzwa kuwa mdundo.

Mwaka 1929 alikwenda Marekani. Studio ya Universal ilimpa Dracula, iliyopigwa mwishoni mwa 1930 na kutoka Februari 1931, mwongozaji akiwa Tod Browning. Kama kuna filamu inayoonyesha mkanganyiko wa nani aliongoza nini, ni hii. David Manners, mmoja wa waigizaji, alisimulia miaka mingi baadaye kwamba Freund ndiye aliyekuwa akiwaongoza. Ushahidi wa mwigizaji mzee haumalizi shauri, ila filamu yenyewe inasema jambo. Mwanzoni, ndani ya kasri, kamera inamsogelea Bela Lugosi polepole bila neno, na vitaa viwili vidogo vyenye mwanga mwembamba vimeelekezwa machoni mwake tu. Hapo filamu ina uhai. Ikishafika London inakuwa mchezo wa jukwaani, watu wanakaa na kuzungumza, kamera imelala. Browning alichoka au fedha ziliisha, sababu zimejadiliwa sana. Kinachoonekana bila kujadiliwa ni kwamba uhai wa filamu unafuata mwendo wa kamera.

Vile vitaa vya macho vinafaa kuelezwa, kwa kuwa wengi hujaribu na kushindwa. Mwanga unapaswa kuwa mwembamba kiasi cha kugusa macho bila kumwagika puani, na mwigizaji hana ruhusa ya kusogeza kichwa hata kidogo. Akisogea, anabaki na doa jeupe shavuni na macho gizani. Kwa hiyo ule utulivu wa kutisha wa Lugosi, ambao husifiwa kama uigizaji, kwa sehemu ni amri ya taa.

Mwaka 1932 Universal ikampa kiti. The Mummy ilitoka Desemba mwaka huo, Boris Karloff akiwa maiti ya kale ya Misri inayoamka, Charles Stumar kwenye kamera. Sehemu mbili za filamu hii ni za mtu anayejua asichohitaji kuonyesha. Maiti inapoamka tunaona jicho likifunguka kidogo, mkono ukishuka, kisha mkono ukifika mezani kuchukua gombo, na mwisho ncha za bendeji zikiburuzwa kutoka mlangoni. Mtu mwenyewe hatumwoni akitembea. Ujenzi wa sura ile, kazi ya Jack Pierce, ulichukua takriban saa 8 kumvalisha Karloff, na Freund akaitumia kwa muda mfupi mno. Mwongozaji mwingine, akikumbuka saa 8 hizo na gharama zake, angemtembeza chumbani kutwa. Sehemu ya pili ni kumbukumbu ya Misri ya kale ndani ya bwawa la maji: imepigwa kama filamu bubu, waigizaji hawasemi, sauti ya Karloff tu inasimulia juu yake. Yaani mwaka wa tano wa filamu zenye sauti, Freund aliporuhusiwa kuongoza alirudi kwenye lugha aliyoijenga Berlin.

Kati ya sehemu hizo kuna mazungumzo mengi ya vyumbani, na humo utamwona anasubiri yaishe. Zita Johann, mwigizaji mkuu wa kike, alilalamika baadaye kuhusu alivyotendewa naye wakati wa upigaji. Ukiangalia uso wake katika matukio yale ni rahisi kuamini kwamba hakuna aliyemsaidia. Freund alijua kumwambia mwigizaji asimame wapi. Kumwambia kwa nini, hilo halikuwa fani yake, na taa haiwezi kulijibu.

Kisha zikafuata filamu za haraka: muziki, upelelezi, vichekesho, nyingi kwa Universal katika 1933 na 1934. Tuzipite.

Mad Love ya 1935, aliyoifanyia MGM, ndiyo ya mwisho kuongoza na ndiyo bora zaidi. Peter Lorre, kipara kimenyolewa, ni daktari wa upasuaji anayempandikizia mpiga piano mikono ya muuaji. Ni filamu ya Lorre ya kwanza Marekani. Kwenye kamera walikuwepo wawili, Chester Lyons na Gregg Toland. Mwigizaji Frances Drake alikumbuka baadaye kwamba Freund alitaka kuwa mpiga picha wakati huohuo akiwa mwongozaji. Fahali wawili hawakai zizi moja, na hapa walikuwa watatu. Filamu ilikatwa ikabaki dakika 68, watazamaji hawakuja, na Freund hakuongoza tena kwa miaka 34 aliyobakiza kuishi.

Hapo ndipo ninapotofautiana na wanaosema alishindwa kwa kuwa hakuwa na kipaji cha kuongoza. Mfumo wa studio za Hollywood uligawa kazi kwa mistari: mwongozaji hagusi taa, mpiga picha hazungumzi na waigizaji. Berlin haikuwa na mstari mkali kiasi hicho. Mayer, Murnau, Pommer, wachora seti Robert Herlth na Walter Röhrig, na Freund walikaa pamoja kabla ya kupiga. Kumpandisha cheo kulimaanisha kumnyang'anya chombo alichofikiria nacho. Mad Love ni nzuri hasa pale ambapo ni wazi kwamba mpaka ule ulivunjwa. Miaka mingi baadaye mchambuzi wa filamu Pauline Kael alidai kwamba sura ya Citizen Kane, iliyopigwa na Toland huyohuyo, inadaiwa na filamu hii. Dai hilo limepingwa na mimi naliona limevutwa kupita kiasi, ila kwamba Toland alipita mikononi mwa Freund halina ubishi.

MGM ilimrudisha kwenye kamera, naye akapata Oscar kwa The Good Earth ya 1937, akapiga Camille pamoja na William Daniels, Pride and Prejudice, The Seventh Cross, na mwaka 1948 Key Largo kwa Warner. Ni kazi safi ya mtu anayelipwa vizuri. Mwaka huohuo wa 1937 alikwenda Ujerumani akamtoa binti yake. Mama wa binti huyo, mtalaka wake, alibaki na aliuawa na Wanazi mwaka 1942. Wanaoandika kwamba aliiacha sinema ya Kijerumani kwa kufuata dola wasome mistari hiyo kwanza.

Turudi kwenye vifaa, maana kazi yake kubwa ya mwisho ilikuwa mbele. Mwaka 1951 Lucille Ball, aliyewahi kupigwa naye picha katika Du Barry Was a Lady ya 1943, na mumewe Desi Arnaz walikuwa na tatizo. Mdhamini, kampuni ya sigara ya Philip Morris, alitaka kipindi chao cha vichekesho, I Love Lucy, kitoke New York moja kwa moja, kwa sababu vipindi vya Hollywood vilifika mashariki kwa njia ya kuelekeza kamera ya filamu kwenye kioo cha televisheni, na picha ilikuwa ovyo, ya kijivu na mistari. Wao hawakutaka kuhama California. Suluhisho lilikuwa kupiga kwa utepe wa milimita 35 mbele ya watazamaji 300, kwa kamera kadhaa kwa pamoja. Gharama ilipanda, wao wakakubali kupunguziwa dola 1,000 kwa wiki, nao wakabaki na umiliki wa filamu hizo. Wengine walikuwa wameshajaribu kamera nyingi za filamu kwa televisheni, na Al Simon alikuja Desilu, kampuni ya Lucille na Desi, na uzoefu huo, kwa hiyo tusimpe Freund sifa ya kubuni wazo. Yeye alipewa sehemu iliyoonekana haiwezekani: taa.

Pingamizi lake la kwanza lilikuwa la kitaalamu. Picha ya mbali na picha ya karibu huhitaji taa tofauti. Ukipiga kwa kamera moja, unamaliza picha ya mbali, unasimamisha kazi, unasogeza taa, unalainisha mwanga usoni, unapiga ya karibu. Kamera 3 zikipiga kwa pamoja hakuna kusimama. Taa za sakafuni nazo haziwezekani, kwa sababu zinaziba njia ya kamera na zinawaziba watazamaji.

Alichofanya ni hiki. Taa karibu zote zilipandishwa juu, kwenye madaraja ya mbao juu ya seti, zikabaki hapo wiki hadi wiki kwa kuwa sebule, jiko na chumba cha kulala vya kipindi vilikuwa vya kudumu. Mwanga wa juu una uzuri wake: kivuli cha mikrofoni inayoning'inia kwenye mkono mrefu huangukia sakafuni, hakipigi ukutani nyuma ya mwigizaji. Ubaya wake ni kwamba huchimba mashimo meusi machoni na chini ya pua. Kwa hiyo akafunga taa ndogo kwenye kamera zenyewe, juu ya lenzi na chini, zenye swichi za kupunguza mwanga, ili kila kamera inaposogea karibu na uso ijaze mashimo hayo bila kuuchoma uso. Kamera ikirudi nyuma, swichi inaongezwa.

Mpangilio wa lenzi ulifuata. Kamera ya katikati ilichukua picha ya mbali kwa lenzi za milimita 28 hadi 50. Za pembeni mbili zilichukua picha za karibu kwa lenzi za inchi 3 hadi 4, yaani takriban milimita 75 hadi 100. Sababu ya kutumia lenzi ndefu pembeni si urembo tu. Kamera ya pembeni yenye lenzi fupi ingelazimika kusogea hadi iingie kwenye picha ya ile ya katikati. Vitoroli vyote viliwekewa alama sakafuni na kila mwendo ukafanyiwa mazoezi, kwani kamera za Mitchell za milimita 35 zikiwa na vifuniko vyake vya kuzuia kelele ni nzito, na zikigongana hakuna tena onyesho.

Rangi nazo aliziweka chini ya amri. Mirija ya televisheni ya wakati ule ilibeba tofauti ndogo sana kati ya cheusi na cheupe. Shati jeupe lilivimba na kumwaga mwanga pembeni, koti jeusi likawa shimo. Seti zikapakwa daraja mbalimbali za kijivu, na vitu vya mezani vikafuata. Ukitazama picha za rangi zilizopigwa kwenye seti ile utashangaa jinsi nyumba ya akina Ricardo, familia ya kwenye kipindi, ilivyofifia.

Kwa kipindi kimoja walitumia takriban futi 7,500 za utepe, sawa na mita 2,290. Hesabu inaeleza nidhamu iliyokuwepo. Kwa fremu 24 kwa sekunde, dakika moja hula futi 90. Kipindi cha dakika kama 22 kwa kamera 3 ni futi 5,900 na ushei. Baki ya futi 1,600 au chini ndiyo nafasi yote ya kukosea, kuanzia na kumalizia. Kasha la futi 1,000 linaisha baada ya dakika 11 hivi, kwa hiyo waandishi walipaswa kugawa hadithi katika matukio yanayomalizika kabla ya hapo, la sivyo kamera inaishiwa katikati ya kicheko. Na mhariri Dann Cahn aliletewa mashine ya kukatia yenye vichwa vitatu vya picha na kimoja cha sauti, ili aone kamera zote kwa pamoja.

Wapo wanaouona mwanga huu bapa kuwa aibu ya uzeeni: mchoraji wa vivuli vya Metropolis ameishia kumulika jikoni kote kama duka la dawa. Sioni hivyo. Vichekesho vya mwili vya Lucille Ball vinadai aweze kuanguka popote, ageukie popote, na kamera yoyote kati ya 3 imkute usoni pana mwanga. Watazamaji 300 hucheka kwa dhati mara moja. Ukirudia kwa sababu alitoka nje ya taa, kicheko cha pili ni cha adabu. Kivuli kimoja cha kupendeza kingegharimu mzaha mmoja. Freund, mpiga picha wa habari wa zamani, alikuwa tena mahali pasipo na kurudia.

Kampuni yake ya Photo Research, aliyoianzisha Burbank katika miaka ya 1940, ilitengeneza vipima mwanga vya Spectra, na kipima mng'ao walichobuni kilitambuliwa na wagawaji wa Oscar kwa tuzo ya ufundi. Tofauti ya vipimo hivyo ni muhimu kwa kazi ya Lucy. Kipima cha kwanza hushikwa usoni pa mwigizaji kikielekezwa kwenye kamera, kusoma mwanga unaomfikia. Cha pili husoma kutoka ilipo kamera, mng'ao unaorudi kutoka kwenye kitu. Ukitembea na cha kwanza sakafu nzima, unajua kama mwigizaji anaweza kwenda kokote. Kwa cha pili unajua kama kitambaa cha meza kitavimba kwenye kioo cha mtazamaji. Mtu anayemiliki vyote viwili anaweza kumwahidi mwongozaji jambo ambalo jicho peke yake haliwezi.

Na waongozaji wa I Love Lucy walibadilika. Marc Daniels aliongoza msimu wa kwanza karibu wote, William Asher akachukua nafasi yake mwaka 1952 akakaa misimu kadhaa, James V. Kern akafuata. Kila aliyeingia alikuta madaraja ya taa yameshapangwa, kuta za kijivu zimeshapakwa, lenzi za katikati na za pembeni zina kazi zake, na akawapanga waigizaji ndani ya hayo. Jina la Freund liliendelea kupita mwishoni mwa kipindi, kwenye mstari wa mpiga picha.